Mwongozo Kamili: Namna ya Kusikiliza Mechi za NHL kwa Sauti, Uwe Chicago, Muscat au Mbeya

Kila Oktoba, ligi kuu ya hoki ya barafuni ya Amerika Kaskazini, NHL, inapoanza, malalamiko ni yale yale. Mtu ameambiwa kituo fulani cha redio ndicho kinachotangaza timu yake. Anafungua tovuti ya kituo, anabonyeza sehemu ya kusikiliza, na saa ya mechi ikifika anasikia watu wawili wanabishana kuhusu mpira wa vikapu. Mwingine ameamka usiku wa manane na kukuta mechi ilichezwa jana yake. Wa tatu amefanikiwa kupata matangazo, lakini baada ya dakika kumi ameyazima kwa sababu ni kelele tupu na majina yasiyoshikika.

Hayo ni matatizo matatu tofauti, na kila moja lina dawa yake. Mwongozo huu unayachukua kwa zamu. Ukitaka kukumbuka jambo moja tu, kumbuka hili: tafuta mechi, usitafute kituo.

Vitu vya kuandaa

- Simu janja au kompyuta. Simu ya kawaida haitoshi, isipokuwa unaishi jirani na mji wa timu na una redio.
- Intaneti isiyokatika. Haihitaji kuwa ya kasi kubwa.
- Bando. Sauti inayorushwa kwa kilobiti 64 kwa sekunde hutumia takriban MB 29 kwa saa. Mechi nzima huchukua kama saa mbili na nusu, kwa hiyo tenga MB 75. Ikirushwa kwa kilobiti 128, tenga MB 150. Video ya mechi hiyo hiyo ingekula bando lako la wiki, ndiyo maana naipigania sauti.
- Hedifoni, hasa kama wenzako wamelala.
- Karatasi moja na kalamu. Usiruke hapa, utaona kazi yake kwenye hatua ya tano.
- Kwa walio Marekani na Kanada: redio ndogo yenye AM na FM.

Hatua ya 1: Chagua timu kwa kuangalia saa inazocheza

NHL ina timu 32. Kama tayari una timu ya moyoni, nenda hatua ya pili. Kama bado, usichague kwa rangi ya jezi. Chagua timu ambayo mechi zake utaweza kuzisikiliza bila kuvuruga kazi na usingizi, maana msimu wa kawaida una mechi zaidi ya 80 kwa kila timu, kuanzia Oktoba hadi Aprili.

Mechi nyingi huanza saa 1 usiku kwa saa za mji wenyeji. Wakati wa majira ya baridi ya Amerika, kwa msikilizaji wa Nairobi, Dar es Salaam au Kampala, hali ni hii:

- Timu za mashariki (Toronto, Montréal, Boston, New York): saa 9 usiku.
- Timu za kati (Chicago, Dallas, Winnipeg): saa 10 alfajiri.
- Timu za milimani (Edmonton, Calgary, Denver): saa 11 alfajiri.
- Timu za pwani ya magharibi (San Jose, Los Angeles, Seattle): saa 12 asubuhi.

Ukiwa Kigali, Bujumbura, Bukavu au Lubumbashi, punguza saa moja. Ukiwa Muscat au Dubai, ongeza moja.

Kwa maoni yangu, anayeishi Afrika Mashariki hana chaguo bora kuliko timu ya magharibi. Mechi inaanza ukiwa unapiga mswaki, kipindi cha pili kinakukuta kwenye daladala au matatu, na cha tatu kinaisha ukiwa umekaa ofisini. Timu za mashariki nazo zina nafuu yake: baadhi ya mechi za Jumamosi na Jumapili huchezwa mchana. Mechi ya saa 7 mchana New York ni saa 3 usiku Nairobi. Zitafute hizo kwenye ratiba na uziwekee alama mapema.

Hatua ya 2: Panga saa na tarehe bila kukosea

Hapa ndipo wengi huanguka, na mitego ipo minne.

Mtego wa kwanza ni kubadilisha saa mara mbili. Ratiba ndani ya programu ya NHL kwa kawaida huonyesha saa za mahali simu yako ilipo. Ukiona saa 9 usiku, hiyo tayari ni saa ya kwako. Ukiongeza nane tena utaamka mechi imekwisha. Picha za ratiba zinazosambazwa na timu kwenye mitandao ni jambo jingine: hizo huandikwa saa za kwao, na ndizo za kubadilisha.

Mtego wa pili ni siku. Mechi ya Jumamosi usiku Toronto, kwako ni usiku wa kuamkia Jumapili. Ukiweka kengele ya saa 9 usiku kwa siku ya Jumamosi, umeamka siku nzima kabla ya mechi. Kwenye simu, saa hiyo inahesabiwa kuwa Jumapili.

Mtego wa tatu ni namna Wamarekani wanavyoandika tarehe. Wao huanza na mwezi: 11/5 ni tarehe 5 Novemba.

Mtego wa nne ndio mgumu. Sehemu kubwa ya Marekani na Kanada husogeza saa mbele Jumapili ya pili ya Machi na kuzirudisha Jumapili ya kwanza ya Novemba. Sisi hatusogezi. Kwa hiyo mwanzoni mwa msimu na kuanzia katikati ya Machi, mechi zote hutufikia saa moja mapema kuliko nilivyoorodhesha juu: mashariki saa 8 usiku, magharibi saa 11 alfajiri.

Dawa ni rahisi. Fungua saa ya dunia kwenye simu na uongeze mji wa timu yako. Kila Jumatatu tazama mechi za wiki hiyo na uweke kengele za wiki nzima kwa mkupuo mmoja. Kengele iwe dakika kumi kabla ya saa iliyotangazwa, maana mchezo wenyewe huanza dakika chache baada ya saa hiyo na utakuwa na nafasi ya kurekebisha chochote kilichogoma.

Utajua umepatia pale ambapo siku ya mechi kwenye programu na siku ya kengele yako zinakubaliana.

Hatua ya 3: Pata sauti kupitia mechi yenyewe

Kwanza sababu, kwa kuwa asiyeijua atarudia kosa. Kituo cha redio hulipia haki ya kutangaza mechi hewani katika eneo lake. Kusambaza sauti hiyo hiyo mtandaoni kwa dunia nzima ni haki nyingine, na mara nyingi imebaki mikononi mwa ligi au timu. Ndiyo maana mtandao wa kituo hubadilishiwa kipindi mechi inapoanza, au hukuambia hupatikani katika eneo linaloruhusiwa. Simu yako haina kasoro yoyote.

Fanya hivi:

1. Pakua programu rasmi ya NHL. Ikikosekana kwenye duka la simu yako, fungua NHL.com kwenye kivinjari.
2. Teua timu yako kama kipenzi. Ikikutaka ufungue akaunti, fungua. Usiweke kadi ya benki kwa ajili ya sauti.
3. Siku ya mechi, fungua ratiba na ubonyeze mechi yenyewe, siyo habari za timu.
4. Tafuta alama ya hedifoni au sehemu ya kusikiliza. Utakuta chaguo mbili: sauti ya wenyeji na sauti ya wageni.
5. Chagua ya timu yako. Watangazaji wa redio ni wa timu, na husafiri na mapenzi yao. Ukichagua upande wa wapinzani, goli la timu yako litatangazwa kama msiba.

Alama hiyo huonekana mechi inapokaribia. Ukiitafuta asubuhi kwa mechi ya usiku huenda usiione, na hilo si tatizo.

Njia ya pili ni programu au tovuti ya timu yenyewe. Baadhi ya timu zimehamishia sauti zao mtandaoni moja kwa moja. San Jose Sharks walifanya hivyo msimu wa 2021-22 walipoanzisha Sharks Audio Network. Anayefuata maelezo ya zamani anaishia kwenye kituo cha muziki wa roki, wakati Dan Rusanowsky, sauti ya timu hiyo tangu msimu wao wa kwanza mwaka 1991, anatangaza kwingine kabisa. Kila Septemba pitia upya ukurasa wa matangazo wa timu yako. Mikataba hubadilika.

Njia ya tatu ni SiriusXM, redio ya setilaiti ya kulipia. Inawafaa walio Marekani na Kanada, hasa madereva wa malori, kwa kuwa haikatiki unapotoka mji mmoja kwenda mwingine.

Tahadhari: tovuti zinazodai kukupa matangazo bure kisha kukuomba namba ya kadi "kwa uhakiki" zikimbie. Sauti halali ya bure ipo. Hakuna sababu ya kuhatarisha akiba yako.

Utajua umefanikiwa ukisikia majina ya timu mbili ulizotarajia, kelele za ukumbi kwa nyuma, na mtangazaji akitaja muda uliosalia.

Hatua ya 4: Kwa walio karibu, tumia redio ya hewani

Ndugu zetu walio Chicago, Boston, Toronto au Montréal wana njia isiyohitaji hata senti ya bando. Blackhawks wa Chicago wamekuwa kwenye WGN 720 AM tangu msimu wa 2008-09. Kituo hicho hurusha kwa wati 50,000, na giza likiingia mawimbi ya AM hudunda kwenye tabaka za juu za anga na kufika majimbo ya mbali. Bruins wa Boston wako 98.5 FM.

Toronto inahitaji uangalifu. Kwa miaka mingi mechi za Maple Leafs zimegawanywa kati ya Sportsnet 590 na TSN 1050. Aliyeganda kwenye kituo kimoja hukosa karibu nusu ya msimu na kudhani redio yake mbovu. Hifadhi vyote viwili.

Montréal ina zawadi kwa Wakongo na Warundi: Canadiens hutangazwa kwa Kifaransa kwenye 98,5 FM, na kwa Kiingereza kwenye TSN 690. Kama Kifaransa kinakuingia vizuri zaidi, anza huko.

Ukitumia AM, weka redio mbali na chaja ya simu na taa za LED, kwa sababu hizo ndizo chanzo cha ule mvumo wa nyuki. Kisha izungushe taratibu: antena ya AM imo ndani ya redio, na kuigeuza robo duara kunaweza kubadilisha mkoromo kuwa sauti safi.

Hatua ya 5: Chora uwanja kabla ya kusikiliza

Hii ndiyo hatua inayorukwa, na ndiyo inayotofautisha anayefurahia na anayezima baada ya dakika kumi. Mtangazaji wa hoki hasimulii kwa urefu. Anataja nani na wapi, kwa kasi ya kutisha. Kama hujui "wapi" ni wapi, hakuna kitakachobaki kichwani.

Chora mstatili wenye kona za mviringo. Uwanja halisi una urefu wa mita 61 hivi na upana wa mita 26. Katikati piga mstari mwekundu. Kila upande wa mstari huo piga mstari wa bluu. Karibu na kila mwisho chora goli, lakini usilibandike ukutani: acha nafasi nyuma yake, kwa sababu mchezo huendelea hata nyuma ya goli.

Sasa andika maneno haya ya Kiingereza mahali pake, kama utakavyoyasikia:

- *Blue line*: mistari ya bluu. Ukivuka ule wa mbali, uko eneo la kushambulia. Lazima kisahani, kile kinachochezwa badala ya mpira, kitangulie kuvuka. Mshambuliaji akitangulia ni *offside*.
- *Boards*: ukuta unaozunguka uwanja.
- *Corner*: kona, mahali pa kugombania kwa mabega.
- *Point*: ndani kidogo ya mstari wa bluu, wanaposimama mabeki wa timu inayoshambulia.
- *Slot*: mbele ya goli, katikati. Neno hili likitajwa, kaa sawa. Hapo ndipo hatari.
- *Crease*: eneo la bluu alilosimama kipa.

Kisahani ni kile kidude cha mpira mgumu, chenye uzito wa gramu 170 hivi.

Mechi ikianza, mtangazaji mara nyingi atasema timu fulani inashambulia kutoka kushoto kwenda kulia kwa msikilizaji. Chora mshale kwenye karatasi. Timu hubadilishana magoli kila kipindi, kwa hiyo kipindi cha pili geuza mshale. Halafu fuata kwa kidole. Akisema mtu amekipiga kisahani ukutani kwenye kona, kidole kiende kona. Akisema kimerudi *point*, kidole kirudi kwenye mstari wa bluu. Baada ya mechi chache utaona huitazami tena karatasi.

Hatua ya 6: Sikiliza kwa mpangilio

Timu ina wachezaji watano na kipa barafuni, lakini hubadilishana kila baada ya sekunde 45 hivi, bila mchezo kusimama. Ndiyo maana majina yanamiminika. Usijaribu kuyashika yote. Kariri sita: kipa, washambuliaji watatu wa safu ya kwanza, na mabeki wawili wanaocheza muda mrefu. Kwa Sharks ungeanza na Macklin Celebrini, aliyechaguliwa namba moja mwaka 2024. Jina lake likitajwa mara tatu ndani ya sekunde kumi, kuna jambo linapikwa.

Kipindi cha kwanza fuata kitu kimoja tu: kisahani kiko upande gani. Kila kipindi ni dakika 20 za mchezo, na vipo vitatu.

Kipindi cha pili ongeza adhabu. Ukisikia filimbi na neno *penalty*, subiri usikie ni ya nani. Kosa la kawaida humtoa mchezaji kwa dakika 2, na wapinzani wanacheza watano dhidi ya wanne. Hiyo ndiyo *power play*, nafasi nzuri sana ya kufunga. Goli likiingia kabla ya dakika kwisha, aliyeadhibiwa hurudi uwanjani. Timu iliyopungukiwa ikisukuma kisahani hadi mwisho wa pili, mtangazaji husema wame-*clear*: wamepata pumzi ya sekunde kumi na tano au ishirini.

Timu zikiwa sawa kwa idadi, kukipiga kisahani kutoka nusu yako hadi kivuke mstari wa mwisho wa upande wa wapinzani ni kosa la *icing*. Mchezo unarudishwa karibu na goli la mkosaji, na wachezaji wake waliochoka hawaruhusiwi kutoka. Sikiliza sana kinachofuata baada ya *icing*. Wachezaji wenye miguu mizito hufungwa.

Kipindi cha tatu ongeza kipa. *Save* ni kuokoa. *Rebound* ni kisahani kilichomtoka kipa na kubaki mbele yake, na hapo mtangazaji hupandisha sauti kabla hata hujajua kilichotokea. Mlio mkali wa chuma ni mwamba. Honi nzito ya ukumbi ni goli la wenyeji. Wageni wakifunga hakuna honi: utasikia sauti ya mtangazaji imepaa na ukumbi umenywea.

Timu ikiwa nyuma dakika za mwisho, hutoa kipa na kuingiza mshambuliaji wa sita. Ukisikia *empty net*, usiondoke kwa sababu yoyote ile.

Mapumziko ni takriban dakika 18, na yapo mawili. Chemsha chai la kwanza. La pili sikiliza mchambuzi, kwani atakurudishia magoli yote kwa utaratibu na kwa mwendo wa polepole.

Walio Nairobi wana bahati ya ziada: Kenya Ice Lions hucheza kwenye barafu ndogo ya hoteli ya Panari, Barabara ya Mombasa, na Kenya iliingia katika shirikisho la kimataifa la hoki ya barafuni mwaka 2024. Nenda ukawatazame mara moja. Sikio linalojua gongo linavyogonga barafu husikiliza tofauti.

Mambo yakigoma

*Sauti inakatika simu inapozima kioo.* Hali ya kuokoa betri inaua programu. Iondoe kwa programu ya NHL pekee.

*Matokeo yanafika kabla ya goli kutangazwa.* Sauti ya mtandaoni huchelewa, wakati mwingine kwa nusu dakika au zaidi. Zima arifa za magoli, na usifungue kundi la mashabiki la WhatsApp hadi mechi iishe.

*Sauti imeganda.* Usisubiri. Funga programu, ifungue tena, chagua upya sauti ya timu yako.

*Umeambiwa matangazo hayapatikani eneo lako.* Umerudi kwenye kituo cha redio. Rejea hatua ya 3.

*Mechi imeisha sare na mtangazaji anaendelea.* Msimu wa kawaida kuna dakika 5 za nyongeza, watatu kwa watatu, na atakayefunga kwanza ameshinda. Wasipofungana hupigiana penalti, mchezaji mmoja dhidi ya kipa. Kwenye mtoano wa kuanzia Aprili hakuna kupigiana penalti kabisa. Wanaongeza kipindi kizima cha dakika 20, na kingine, na kingine, hadi goli lipatikane. Kwa hiyo mechi za mtoano ziingie na simu iliyojaa chaji, na bando mara mbili ya lile nililotaja mwanzoni.